Barua kwa Mwanangu Dulla: Hilo Jina Liache Kwanza

Mwanangu Abdallah,

Assalaam alaykum. Huku hatujambo, alhamdulillah. Mjomba wako kanipigia, kanambia umeshaanza kazi dukani Ruwi, huko Muscat, na kwamba unaamka mwenyewe alfajiri bila kuitwa. Hilo la kuamka nimelisikia, kuliamini bado. Ila nimefurahi, na nimewaambia majirani wote.

Nakuandikia kwa jambo moja. Mdogo wako Zuhura kaniambia unataka kubadilisha jina la akaunti ya PlayStation, hii mashine ya gemu ya Sony. Eti wenzako huko wanacheka ukiwaambia wakutafute kwa Dulla_Maandazi, na umeshachagua jina jingine la kiutu uzima, limebaki kubonyeza tu. Basi usibonyeze. Usibonyeze mpaka umalize kusoma barua hii, na ukishaimaliza usibonyeze vilevile mpaka tuzungumze.

Najua utasema mama anajua nini habari za gemu. Mie ndiye ninayekaa banda hili la gemu toka asubuhi mpaka isha, nakusanya mia tano mia tano, naamua ugomvi wa nani kafunga na nani kavuta waya. Nisichokijua naulizia. Yule mwalimu wa kompyuta anayekuja kucheza mpira jioni nilimkalisha, nikampa chai, akafungua simu akanisomea maelezo ya Sony mstari kwa mstari, nami nikaandika kwenye daftari la madeni, ukurasa wa nyuma ya deni la baba Shamte. (Bado hajalipa.)

Niliyoandika ni haya. Toka mtandao wao uanze mwaka 2006, jina ulilochagua lilikuwa ndilo hilo, ulipende ulichukie. Ilipofika Aprili 2019 ndipo wakaruhusu watu wabadilishe, na wakaruhusu kwa tahadhari nyingi. Sababu ni kwamba michezo mingi ilishatengenezwa na watu ambao hawakuwaza kabisa kuwa jina litakuja kubadilika, na baadhi yao wakalifanya jina lenyewe kuwa ndiyo alama ya kumtambua mchezaji. Mchezo unauliza, nani wewe? Unajibiwa jina. Jina likiwa jingine, mchezo unaona kaja mgeni, na mgeni hafunguliwi kabati la mwenye nyumba. Kwa hiyo Sony wakaweka mpaka: michezo ya PS4, PlayStation kama hii yetu, iliyotoka kuanzia tarehe 1 Aprili 2018 ilitakiwa itengenezwe ikijua kwamba majina yanabadilika. Ya kabla ya hapo haina uhakika. Mingi inakubali, mingine inaleta matatizo. Ya PS3 na ya Vita, zile mashine zao za zamani, haimo kabisa. Na yanayoweza kutokea wameyataja bila kificho: kupoteza ulichohifadhi, kupoteza vitu ulivyonunua ndani ya mchezo pamoja na pesa zake za humo humo, kupoteza hatua za vikombe ulivyokuwa unavikaribia, na mchezo kukwama, uwe na intaneti au usiwe nayo.

Mpira wa banda haunipi shida, FC ni mpya. FIFA 18 wanayoing'ang'ania wale watu wazima wa Jumapili ni ya 2017, na GTA V ya PS4 ni ya 2014, hizo ziko upande mbaya wa mpaka na wateja ni wateja, wakikuta kitu kimegoma wanahamia kwa Mzee Kombo. Lakini si hizo zinazoninyima usingizi. Ni LittleBigPlanet 3, ule mchezo wa kujijengea vitu. Sony walipofungua huo mlango walitoa na orodha fupi ya michezo yenye matatizo makubwa hasa, michache ya kuhesabika, na huo umo. Mwalimu kanionyesha kwa kidole. Nilimwambia arudie kusoma, akarudia.

Unajua ndani ya mchezo ule kuna nini. Wewe umeondoka, mdogo wako hajaacha. Sasa hivi anajenga treni. Mabehewa ameyakata kwenye maboksi, magurudumu ya mbao, na kuna kamba ukiivuta mlango wa behewa unafunguka, watu wanamwagika nje kama kweli. Juzi alikaa muda wote wa adhuhuri mpaka alasiri kwa ajili ya gurudumu moja lililokuwa linachomoka kwenye kona. Nikamwambia aache, akasema mama, nikiliacha hivi treni nzima itaanguka kila mtu akipanda. Nikanyamaza nikaenda kuwaza unga wangu. Na vyote hivyo vimehifadhiwa kwa jina lako, kwenye akaunti yako. Kwamba hakufunguliwa yake tangu mwanzo ni habari nyingine, na bei ya bando wakati ule unaikumbuka.

Zamani ungeniambia, mama, vitu vyake viko mtandaoni, vitarudi. Mwaka 2024 Sony walizima seva za mchezo ule, yaani mashine zao za mtandaoni, moja kwa moja. Walichokijenga watu wakakitundika huko hakifikiki tena ndani ya mchezo. Kilichobaki ni kilichomo kwenye mashine ya kila mtu. Cha Zuhura kimo kwenye hiyo PS4 iliyo mezani kwangu, chini ya kitambaa, basi. Na jina ni la akaunti, si la mashine. Ukilibadilisha ukiwa huko Muscat kwenye PS5 ya binamu zako, au hata kwenye simu, umelibadilisha na huku Tanga.

Hamisi kasema tunakili kwenye flashi. Tutanakili, nimeshamtuma akanunue. Lakini nimemuuliza mwalimu swali ambalo Hamisi hakuliuliza: nakala hiyo itatusaidia mchezo ukilikataa jina? Akasema nakala inakulinda mashine ikifa. Mchezo ukigoma, nakala haiubembelezi.

Najua na jibu lako la pili. Utasema, nikiona mambo yameharibika nitarudisha jina la zamani. Kweli, kurudi ni bure, na jina lako la zamani hawampi mtu mwingine, hilo nimeridhika nalo. Ila wenyewe wanasema kurudi kunatibu matatizo mengi. Mengi, Dulla. Sasa mie nikae nimwambie mtoto treni yako imo kwenye mengi au imo kwenye yaliyobaki?

Na usiniletee mfano wa Hamisi na Free Fire yake, lile gemu la simu. Huyo kila akipata almasi 390, pesa za humo ndani ya gemu, anabadilisha jina, mara anajiita simba, mara mzimu, na kila kitu chake kiko palepale. Nimeuliza na hilo. Kule mchezaji ana namba, na vitu vyote vimefungwa kwenye namba, jina ni pambo la juu. Steam ya kompyuta na Xbox ya Microsoft nao hivyo hivyo, unabadilisha jina namba haiguswi. Mtu wa namba anaweza kujiita anavyotaka. Wewe kwenye michezo ya zamani si mtu wa namba.

Nassoro wa shangazi yako Mombasa aliyajua haya kwa njia mbaya. Alikuwa anacheza Minecraft ile ya bure isiyolipiwa, kwenye seva ya marafiki. Wanaolipia tayari wana namba yao, tangu 2015 wanabadilisha majina na hawapotezi kitu. Lakini seva ya wasiolipia haina pa kwenda kuulizia namba, kwa hiyo inaitengeneza yenyewe kutokana na jina uliloandika. Hata herufi ndogo ukiifanya kubwa, namba inayotoka ni nyingine. Nassoro akaongeza herufi moja mwishoni apendeze. Akaingia, akajikuta katupwa mwanzo kabisa wa dunia, mikono mitupu, upanga hana, silaha hana. Akatembea mpaka kwenye nyumba yake mwenyewe, nyumba ipo, masanduku yapo, na sanduku aliloliwekea kufuli linamwambia si lako. Alirudi jina la kwanza akavikuta vitu vyake, mchezo ule ulimwonea huruma. Lakini shangazi yako anasema usiku ule hakula.

Halafu kuna habari ya pesa, ambayo najua hujaifikiria. Kubadilisha mara ya kwanza ni bure. Ya pili ni dola 9.99, au 4.99 kama umelipia PS Plus, ile huduma yao ya kulipia. Na akaunti ile mliiandikisha Marekani kwa sababu Tanzania haimo kwenye orodha yao ya nchi, na nchi ya akaunti haibadilishwi hata ukihamia wapi. Oman wamo kwenye orodha, lakini haikusaidii, wewe kwao ni Mmarekani. Kwa hiyo siku jina jipya nalo likikuchosha utaanza kuhangaika na kadi za zawadi za dola. Ile ya bure unayo moja. Unataka kuitumia wiki ya kwanza ya kazi kwa sababu wavulana wawili dukani wamecheka?

Nimemuuliza Zuhura jina lenyewe jipya ni lipi, kagoma kusema. Kama hata mdogo wako anaona haya kulitaja mbele ya mama, lifikirie upya.

Kama ni hao wenzako tu, kuna njia nyingine. PlayStation inakuruhusu uwaonyeshe jina lako halisi marafiki utakaowakubali wewe. Wakubali hao wa dukani, watakuona Abdallah, heshima yako imekamilika na treni haijaguswa. Au ngoja Zuhura amalize kujenga, mwalimu kanambia kuna namna ya kurekodi anavyocheza tukabaki angalau na video, hapo utakuwa na haki yako. Sikatai kuwa ni haki yako. Na siku ukibadilisha, weka ile alama ya kuonyesha jina la zamani pembeni ya jipya, inakaa siku 30, la sivyo watoto wa Ngamiani watadhani mgeni kajipenyeza kwenye orodha yao wakufute. Tena wanasema jina la zamani laweza kuendelea kuonekana kwako na kwa wengine sehemu nyingine za michezo. Kwa hiyo maandazi bado utakuwa nayo.

Usidhani nimeudhika kwa ajili ya maandazi. Nimeudhika kidogo.

Kama vidole vinakuwasha na lazima ubadilishe kitu, badilisha barua pepe. Ile iliyosajiliwa ni ya yule kijana aliyekuwa anashika banda kabla yako, na nani alimwachia asajili kwa jina lake, tusianze hayo leo. Akiamua kuomba nywila mpya, ujumbe unakwenda kwake, akaunti nzima na kila ulichonunua vimekwenda. Weka barua pepe yako, uweke na ule uthibitisho wa hatua mbili unaoleta namba kwenye simu. Namba ya Oman usiiweke mpaka uhakikishe ndiyo utakayokaa nayo. Hilo lifanye leo. Jina liache.

Mjomba wako anasema unafanya hesabu za duka haraka kuliko yeye. Nilijua. Hesabu hizo ndizo zilizokuwa zinaniambia kila siku jioni kwamba banda linakula hasara na mie nasema hujui. Basi, tumepunguza saa. Sasa mashine ya pili tunaiwasha baada ya saa kumi tu, na umeme wa LUKU unakaa zaidi. Mwenye nyumba anataka kodi ya miezi sita mkupuo, nimemwambia mitatu, kaondoka kanuna, atarudi. Zamu yangu ya upatu iko mbele kidogo, kwa hiyo usitume kitu mwezi huu kwa ajili ya kodi, narudia, usitume, nunua viatu vya kazini. Mjomba kaniambia unavaa vile vile vya kuondokea na vimeachia soli. Ukiwa umesimama siku nzima dukani, viatu vibovu vinapanda mgongoni.

Baba yako mguu umepungua kuvimba, anatembea mpaka msikitini na kurudi. Dawa anameza nikimsimamia. Hakujua naandika habari ya gemu, kaniuliza mbona barua ndefu, nikamwambia ni salamu. Hamisi kapata alama nzuri za Kiswahili na mbaya za hisabati, mpigie umkemee wewe, mie kanizoea.

Ijumaa ukiwa mapumziko nipigie baada ya swala, si usiku, usiku nakuwa na wateja. Zuhura atakuwepo, mwambie wewe mwenyewe kuwa hujabonyeza, maana toka jana anaingia kwenye ile mashine kila saa kuangalia jina liko vipi, na shule anakwenda macho mekundu.

Na akitokea mtu anakuja Tanga au hata Dar, mpe pedi mbili za PS4, hizi za kwangu moja inakwenda kushoto yenyewe na wateja wanadai nafuu. Chukua nyeusi. Nyeupe zinachafuka, na vijana hawa hawanawi mikono wakitoka kula mihogo. Risiti iwekwe ndani ya boksi, isishikwe mkononi, waliopita bandarini wananiambia inasaidia.

Mama yako.