Barua ya wazi kwa Waziri wa TAMISEMI (Tawala za Mikoa na Serikali za Mitaa), Tanzania: kijiji kikidhulumiwa, nani aende mahakamani?

Mheshimiwa Waziri,

Kwa heshima naomba nikufikishie jambo linaloua kesi za vijiji kabla shahidi wa kwanza hajapanda kizimbani: nani hasa ana haki ya kufungua kesi kwa niaba ya kijiji.

Sheria haina utata. Kifungu cha 26 cha Sheria ya Serikali za Mitaa (Mamlaka za Wilaya), Sura ya 287, kinaipa halmashauri ya kijiji uwezo wa kushtaki na kushtakiwa kwa jina lake. Mwenyekiti hana uwezo huo, mtendaji hana, na kitongoji ndiyo kabisa. Lakini hati ya madai inaandikwa jina la mwenyekiti, na chini yake "Mwenyekiti wa Kijiji". Wakili wa upande wa pili anainuka na pingamizi la awali, yaani hoja ya kisheria kabla kesi haijasikilizwa, shauri linaondolewa. Mgogoro wenyewe wa ardhi haujazungumzwa hata dakika moja.

Jina likiwa sahihi, linafuata swali la nani aliamua. Uamuzi wa kwenda mahakamani utaukuta ukurasa wa mwisho wa kauntabuku, chini ya "Mengineyo": "Wajumbe wamekubaliana twende mahakamani." Aende nani, dhidi ya nani, kwa eneo lipi, hakuna. Akidi, yaani idadi ya wajumbe inayokifanya kikao kiwe halali, haikuandikwa. Sahihi ya mtendaji ipo, ya mwenyekiti haipo. Kwa muhtasari wa namna hiyo, hata wakili mchanga anajua pa kuanzia.

Haya ya makaratasi yanatibika. Kinachonisumbua zaidi ni pale halmashauri ya kijiji inapokaa kimya, au yenyewe ndiyo iliyogawa ardhi. Kifungu cha 8 cha Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya 1999 kinaitaka isimamie ardhi kama mdhamini, wanakijiji wakiwa wanufaika, na kinaizuia kugawa ardhi bila idhini ya mkutano mkuu wa kijiji. Sasa mdhamini akilala, au akiuza, mnufaika afanye nini?

Akifungua kesi peke yake kudai ardhi ya kijiji, anaambiwa si yake. Wakijikusanya na kuomba kibali cha shauri la uwakilishi, yaani wachache kushtaki kwa niaba ya wengi wenye maslahi sawa, wanabeba maslahi yao wenyewe, si jina la halmashauri. Wakiishtaki halmashauri yao, wanakutana na marekebisho ya 2020 ya Sheria ya Mashauri ya Serikali, Sura ya 5: notisi ya siku 90, Mwanasheria Mkuu aunganishwe, shauri liende Mahakama Kuu. Siku 90 zikiisha, nguzo za uzio zimeshasimikwa. Kuna pia mlango wa wanakijiji wasiopungua 100 kulalamika kwa halmashauri ya wilaya. Ni mlango mzuri, isipokuwa pale wilaya yenyewe ilipoubariki ugawaji huo wa ardhi. (Na kukusanya watu 100 wa kuweka majina yao dhidi ya mwenyekiti wanayekutana naye kila siku si kazi ndogo.)

Naomba mambo mawili. La kwanza liko ndani ya ofisi yako: waraka kwa watendaji wa vijiji wote, wenye fomu moja ya azimio la kufungua kesi. Iwe na akidi, jina la mdaiwa, eneo linalobishaniwa, aliyeidhinishwa kusaini, na mhuri. Mwanasheria wa halmashauri ya wilaya aikague kabla haijaenda mahakamani, isipokuwa wilaya ikiwa na maslahi kwenye mgogoro huo.

La pili linahitaji Bunge. Sura ya 287 irekebishwe ili mkutano mkuu, pale halmashauri ya kijiji inapokataa au inapokuwa na mgongano wa maslahi, uweze kuteua wanakijiji wa kufungua kesi kwa jina la halmashauri, kwa kibali cha mahakama. Kibali kitawachuja wenye chuki binafsi na wanasiasa wanaotafuta jukwaa. Hofu hiyo naielewa. Lakini mkutano mkuu ndicho chombo cha juu kijijini kwa mujibu wa sheria hiyohiyo, na leo, halmashauri ikigoma, hauna njia ya wazi ya kuifikisha sauti yake mahakamani.

Natanguliza shukrani, nikisubiri majibu yako.

Mwananchi