Barua ya Wazi kwa Meya wa Tampa: Rudisheni Pembe ya Al Lopez Mahali Pake

Mheshimiwa Meya,

Kwa heshima zote. Mkataba wa Buccaneers, timu ya futiboli ya Kimarekani, katika uwanja wa Raymond James unaisha 2028 na mazungumzo ya ukarabati yameshaanza. Eneo hilo ndipo uliposimama uwanja wa besiboli wa Al López, na tunataka pembe yake, yaani pale lilipokuwa bamba la mpigaji, iwekewe alama. Tunakuandikia kabla zege halijamwagwa, maana katapila likishaingia pale barua hazisomwi tena.

Ni jiji lenyewe lililoupa uwanja ule jina la Al López, mtoto wa Tampa, mdakaji aliyekuja kuwa kocha. White Sox wa Chicago walipiga kambi pale kila kabla ya msimu kuanzia 1955, na 1959, chini ya López mwenyewe, wakatwaa ubingwa wa American League, moja ya ligi kuu mbili za besiboli Marekani. Wakafuata Reds wa Cincinnati hadi 1987, kikiwemo kikosi kilichobeba ubingwa wa dunia 1975 na 1976. (Mwamuzi aliwahi kumtoa López nje ya uwanja wenye jina lake. Angalau yule alimtoa kwa siku moja tu.) Reds walipohamia Plant City, uwanja ukabaki bila mpangaji, na 1989 ukavunjwa. Maegesho hayadai kukatiwa nyasi, labda hesabu ilikuwa hiyo. López alikuwa hai. Aliishi miaka 16 baada ya heshima yake ya kudumu kugeuzwa kifusi.

Mtatuonyesha bustani na sanamu. Asanteni. Sanamu haisemi mpigaji alisimama wapi, na kibao cha maandishi peke yake hakisemi.

Kazi yenyewe si kubwa. Chukueni picha za angani za kabla ya 1989, mzilinganishe na ramani ya leo kwa alama zisizopungua 4 zilizotawanyika, zote za usawa wa ardhi: makutano ya barabara ya Dale Mabry, ya Himes. Msitumie paa wala vichwa vya nguzo za taa. Kwenye picha vitu virefu hulala upande na kuwapotosha. Mistari miwili ya pembeni inakutana kwa nyuzi 90 kwenye ncha ya nyuma ya bamba la mpigaji. Kisha jipimeni: kutoka ncha hiyo hadi besi ya kwanza ni mita 27.43, hadi kibao cha mrushaji ni 18.44. Vipimo visipokubali, rudieni kulinganisha picha, msisogeze bamba.

Rangi juu ya lami haifai, jua la Florida na matairi vitaimaliza. Wekeni jiwe la matale lenye upana wa sentimita 43, lililozamishwa sawa na lami juu ya msingi wa zege.

Likiangukia ndani ya jengo, mfano upo: Bloomington, Minnesota, wameliweka bamba la uwanja wao wa zamani sakafuni, ndani ya jengo la maduka. Likiangukia kwenye maegesho, Atlanta walihifadhi mahali ilipoangukia hom rani ya 715 ya mpigaji Hank Aaron (pigo la kuvusha mpira nje ya uzio), katikati ya magari.

Hatuombi uwanja mpya. Tunaomba pembe ile, mahali pake halisi, iandikwe kwenye michoro ya ukarabati kabla haijasainiwa.

Wapenzi wa besiboli