Risala ya Klabu ya Hali ya Hewa kwa Mgeni Rasmi, Siku ya Maonesho ya Sayansi

Mheshimiwa Mgeni Rasmi,
Mkuu wa Shule, walimu, wazazi na wanafunzi wenzetu,

Tunakukaribisha kwa furaha kubwa katika maonesho yetu. Risala hii tumeiweka kwenye swali moja linalowagusa wakulima wote waliopo hapa: kwa nini vuli ya mwaka mmoja inabomoa madaraja, na ya mwaka mwingine haioteshi hata mahindi?

Mvua zetu zinaongozwa na jua. Linapopiga wima, ardhi na maji hupata joto, hewa hupanda, na pepo za kaskazini na kusini huvuma kuelekea hapo. Zinapokutana hujengeka ukanda wa mvua. Ukanda huo hulifuata jua kwa kuchelewa wiki kadhaa, na hupita maeneo ya karibu na Ikweta mara mbili kwa mwaka. Ndiyo maana pwani ya kaskazini, Kilimanjaro na Kanda ya Ziwa wana masika ya Machi hadi Mei na vuli ya Oktoba hadi Desemba, ilhali Dodoma, Mbeya na Songea wana msimu mmoja unaoanza Novemba na kuishia Aprili.

Mwendo wa jua, Mheshimiwa, haubadiliki mwaka hadi mwaka. Kinachobadilika ni bahari. Miaka mingine pepo za mashariki huzidi nguvu kwenye Bahari ya Hindi, maji ya baridi huibuka karibu na kisiwa cha Sumatra, ng'ambo ya pili ya bahari hiyo, na maji ya moto hujikusanya upande wetu. Mawingu huyafuata. Hali hiyo, iitwayo dipoli chanya, ilikuwa kali sana mwaka 2019: Afrika Mashariki ikafurika, Australia ikakauka na misitu yake ikaungua. Kinyume chake tulikiona La Niña, yaani kupoa kwa maji ya Bahari ya Pasifiki karibu na Ikweta, ilipodumu: kuanzia vuli ya 2020 hadi vuli ya 2022, misimu mitano mfululizo ilishindwa katika sehemu za Somalia, kusini mwa Ethiopia na kaskazini mwa Kenya.

Hapa tunaomba tueleweke vizuri. Kupanda na kushuka huko si kugeni. Mafuriko ya 1961 na ya 1997 yalitokana na bahari hiyohiyo. Si haki kila mvua kubwa kuibebesha mabadiliko ya tabianchi. Mabadiliko ni joto lililoongezwa juu ya mzunguko huo wa zamani, na chanzo chake kinajulikana.

Naitrojeni na oksijeni, ambazo ni asilimia 99 ya hewa kavu, haziizuii mionzi ya joto inayotoka ardhini. Kazi hiyo hufanywa na mvuke wa maji, kabonidioksidi, methani na gesijoto nyingine chache. Bila hizo wastani wa joto la dunia ungekuwa nyuzi 18 chini ya sifuri, badala ya karibu 15 juu yake. Kabla ya viwanda, kabonidioksidi ilikuwa sehemu 280 katika kila milioni ya hewa. Vipimo vilipoanza Mauna Loa, Hawaii, mwaka 1958, ilikuwa imefika 315. Sasa imevuka 420.

Tunajuaje kwamba imetokana na makaa ya mawe, mafuta na gesi? Kaboni 14, aina ya kaboni yenye unururifu, hupungua kwa nusu kila miaka 5,730, hivyo katika vitu vilivyozikwa mamilioni ya miaka, kama nishati hizo, haipo tena. Na hewa ya leo imechanganyika na kaboni ya kale isiyo na kaboni 14. Je, si jua lenyewe limezidi ukali? Lingezidi, anga la juu nalo lingepata joto. Vipimo vinaonyesha tabaka la chini linapata joto huku stratosfia, tabaka lililo juu yake, ikipoa.

Takriban asilimia 90 ya joto la ziada limeingia baharini. Hewa nayo, kwa kila nyuzi moja inayoongezeka, huweza kubeba mvuke zaidi kwa asilimia 7 hivi. Kwa hiyo dipoli ileile iliyowafurikia babu zetu leo ina maji mengi zaidi ya kumwaga.

Mheshimiwa Mgeni Rasmi, ombi letu ni kipima mvua cha kawaida na kisanduku cheupe cha vipimajoto. Kipima mvua kitafungwa kwenye majani mafupi, si kwenye sakafu ya saruji inayorusha matone ndani, na mbali na mti au ukuta angalau mara mbili ya urefu wake, maana kikisogezwa karibu upepo hukinyima mvua. Kitasomwa kila siku saa 3 asubuhi, likizo zikiwemo. Milimita moja ni lita moja kwa kila mita ya mraba. Tabianchi hupimwa kwa wastani wa miaka 30, na siku zisizoandikwa haziwezi kurudishwa. Kwa hiyo tunaomba pia daftari gumu na mlinzi wa shule afundishwe kusoma vipimo.

Tunaomba kuwasilisha.