Mbilimbili tuliijenga vibaya

Lubumbashi, Kamalondo, Jumapili jioni

Ndugu yangu Baba Mapasa,

Salamu sana kwako, kwa Mama Mapasa, na kwa hao mapacha wawili wasiowaacha mlale. Barua yangu ya mwisho hukuijibu, na sasa mwezi wa tatu unaingia. Sikasiriki. Nimeuchukua ukimya wako nikaupasua. Nikapata ukimya wa mtu asiye na neno na ukimya wa mtu aliyejaa maneno. Huo wa pili nikaupasua tena, ukatoa wa woga na wa uchovu. Wa uchovu nao nikaanza kuupasua, nikaacha maana bukari, ugali wangu, ilikuwa inapoa. Ndipo nikaona kwamba ule ulimwengu wetu wa kubuni wa kwenye kaye, daftari letu la hadithi, yaani Mbilimbili, tuliukosea tangu shuleni.

Unakumbuka tulivyoupanga: huku nchi ya Mwanga, kule nchi ya Giza, katikati mto, halafu vita. Ramani ulichora wewe, na mpaka leo naipenda. Lakini mto ule lazima ufutwe.

Aliyenifundisha ni spika. Mteja mmoja wa Katuba aliniletea nitengeneze, sumaku yake ya duara ikaniponyoka na kuvunjika vipande viwili kwenye simenti. Mtu angedhani ncha ya kaskazini imebaki huku, ya kusini kule. Wapi! Kila kipande ni sumaku kamili yenye ncha zake mbili. Kivunje tena, ni yale yale, mpaka ufike kwenye elektroni, ambayo nayo ni sumaku ndogo ya ncha mbili. Mwaka 1931 Paul Dirac alionyesha kwa hesabu kwamba ncha moja pekee yaweza kuwepo. Wanafizikia wanaitafuta hadi leo na hawajaithibitisha.

Lakini hilo silo lililoninyima usingizi. Nilitaka kuvigundisha vile vipande kwa gundi. Nikavipanga palepale vilipovunjikia, jino kwa jino, vikasukumana! Vitu vilivyokuwa kitu kimoja asubuhi, saa sita havitaki kukaribiana. Nikageuza kimoja kichwa chini, vikarukiana mpaka vikanibana kidole. Havikatai kushikana, ila havishikani vile vilivyokuwa.

Basi hizi hapa kanuni za Mbilimbili, nimezipa jina la watoto wako: Kanuni za Mapasa. Kwanza, kila kilicho na kinyume chake kimebeba kinyume kingine tumboni, na hicho nacho hivyo hivyo, bila mwisho. Pili, mapasa walioachana hawarudiani mpaka mmoja ageuke.

Ipime ile ya kwanza kwa Giza letu. Lina giza linaloficha na giza linalolaza. Linaloficha humficha mwizi, humficha pia anayemkimbia mwizi. Na Mwanga una wa kuonyesha na wa kupofusha. Sasa askari wa Mwanga anampiga nani? Ukipasua mara kumi umepata pande 1,024. Ukipasua mara 33 zimezidi bilioni nane, kila mtu duniani anapata upande wake na nyingine zinabaki. Huwezi kupanga jeshi hapo, hata ukipewa jenerali mzuri.

Jirani yangu aliyestaafu kiwandani alicheka nilipomweleza, kisha akasema hata zile kathodi zinazopita hapa kwenye malori, yaani mabamba ya shaba iliyosafishwa hadi asilimia 99.99, bado kila tani ina gramu 100 za kitu kisicho shaba. Alisema kama mtu anayenitetea. Nimempa kazi ya waziri wa madini wa Mbilimbili.

Badala ya mto nataka mgongo wa ardhi kama ule wa Kasumbalesa. Mvua ikinyesha pale, matone ya upande wetu yanateremka hadi mto Kongo na bahari ya Atlantiki. Ya upande wa Zambia yanafuata Zambezi hadi bahari ya Hindi. Mpaka wa nchi umefuata mgongo huohuo. Mwaka jana nilikwama pale siku nzima nyuma ya foleni ya malori, nikautafuta kwa macho. Sikuona mlima wala kijilima, ni vumbi na wauza mikate tu. Kinachotenganisha bahari mbili hakina hata mahali pa kusimama.

Najua utanijibu kwamba kitu kisichoacha kugawanyika mwishowe ni bure. Hapana. Jumlisha nusu, robo, nusu ya robo, endelea hadi uchoke: unazidi kuikaribia moja, huipiti. Vipande vya sumaku vilikuwa na uzito uleule mkononi, ukitoa vumbi lililobaki kwenye simenti.

Nilipokwama ni kwenye kanuni ya pili. Kati ya mapasa wawili, nani ageuke? Nikisema mkubwa, naonea. Nikisema mdogo, naonea pia. Wakigeuka wote wawili pamoja wanasukumana upya, hilo nimelijaribu kwa vile vipande. Hadithi nzima imesimama hapo.

Wewe unao wawili hapo Likasi, waangalie kwa niaba yangu wanapogombania titi. Na mtu yeyote anayeshuka na basi mpe kaye ya ramani aniletee. Mto nitaufuta kwa penseli, ili ukikataa uweze kuurudisha.

Mteja wa Katuba nimemnunulia sumaku nyingine. Vile vipande viwili viko mezani hapa, vimeshikana kichwa juu kichwa chini.

Wako,
yule wa dawati la nyuma