Barua kwa mwanangu: mizuka iliyopenda kelele

Mwanangu mpenzi,

Salamu nyingi za nyumbani. Mama yako hajambo. Paka kazaa tena, safari hii ndani ya sanduku la vitabu vyako.

Unaikumbuka ile filamu ya Kibengali ya Goopy na Bagha, wale vijana wawili wapenda muziki, tuliyoitazama likizo iliyopita? Juzi umeme ulikatika, nikabaki barazani peke yangu nikiiwaza. Mwongozaji wa India, Satyajit Ray, aliitoa mwaka 1969, baada ya mwanawe kumwomba filamu ya watoto. Hadithi yenyewe ni ya babu yake Ray, Upendrakishore. Ni mali ya ukoo, kama kanzu ya babu iliyopunguzwa imkae mjukuu.

Mizuka ilipoanza kucheza mle msituni ulijifunika khanga ya mama yako. Wafalme, Wazungu wa enzi za ukoloni, mabwana vitambi, watu wa kawaida, kila kundi na mwendo wake, dakika sita na ushee. Ukawa unachungulia kwa pembeni. Alipotokea Mfalme wa Mizuka na sauti yake ile ya ajabu (ni ya Ray mwenyewe, wakaichezea mashineni), ulicheka mpaka khanga ikaanguka.

Mimi lililonikaa ni la kabla ya hapo. Goopy anaimba vibaya, mfalme wa kwao anamvunjia ala yake na kumfukuza juu ya punda. Bagha naye kafukuzwa kwa sababu ya ngoma yake. Wanakutana porini, chui milia anapita zake bila kuwagusa, nao kwa furaha ya kupona wanaanza kupiga na kuimba. Katika nchi nzima, waliopendezwa ni mizuka tu.

Nikakumbuka siku ulipopanga sufuria na ndoo uani ukazipiga. Nilikwambia, "Acha kelele, hujui ngoma wewe," na wenzako wakisikia. Ukarudisha miiko jikoni, hukusema neno. Sikupaswa kusema vile, baba. Nisamehe.

Halafu zile zawadi tatu walizopewa na Mfalme wa Mizuka: chakula na nguo kwa kugonganisha viganja, viatu vya kuwafikisha popote, na muziki wa kumgandisha kila anayeusikia. Ulichagua muziki, nami nikakuambia muziki hauliwi. Hapo bado nina hoja kidogo, maana vita vya ile nchi ya Halla vilizimwa na vyungu vya vitamu vilivyoshuka angani, askari wenye njaa wakaacha silaha na kuvikimbilia. Lakini bila wimbo wa Goopy visingeshuka. Haya, tugawane ushindi.

Ile ngoma ndogo ya marehemu babu yako, iliyopasuka, nimeipeleka kwa fundi akaiwamba ngozi mpya ya mbuzi. Kasema ipate jua wiki nzima. Nimeitundika msumarini karibu na mlango wa uani. Mama yako kashaanza kulalamika, na wewe hata hujafika.

Baba yako