Kwa wajukuu zangu wa kidato cha pili Newala: grafu isomwe, isichorwe tu

Wajukuu zangu,

Hamjambo? Anayewaandikia ni bibi yenu, mwalimu mstaafu wa hesabu. Wengi wenu mnaniamkia kila asubuhi mkipita kwenda shule, na baadhi mmekuwa mkiniletea madaftari niyatazame. Nimeyatazama. Sasa nawaambia wote kwa pamoja, maana nikimwita mmoja mmoja atadhani nimemchagua yeye nimwaibishe.

Chukueni mlinganyo huu niliokuta kwenye daftari zaidi ya moja: y = 3 − 2x. Jedwali limechorwa vizuri, x ni −1, 0 na 1. Kwenye y mmeandika 1, 3, 1. Nukta zikawekwa, rula ikapita, ikatokea paa la nyumba: linapanda, linafika kileleni, linashuka upande wa pili. Mwenye daftari akapiga mstari chini ya kazi yake akaenda swali linalofuata, roho nyeupe kabisa.

Hapo ndipo pa kusimama. Mlinganyo kama huu, ambao y inapatikana kwa kuizidisha x na namba tu kisha kujumlisha au kutoa namba nyingine, bila kipeo, bila kipeuo, bila x kukaa chini ya mstari wa sehemu, hautoi paa. Unatoa mstari ulionyooka, siku zote. Kwa hiyo paa lenyewe lilikuwa linawapigia kelele kwamba kwenye jedwali kuna namba ya uongo. Rudini kwenye −1. Hasi mbili mara hasi moja ni chanya mbili. Tatu jumlisha mbili ni tano. Nukta ile si (−1, 1), ni (−1, 5). Ihamisheni, kisha wekeni rula tena mwone: nukta zote tatu zinakaa kwenye mstari mmoja unaoshuka kwenda kulia.

Ndiyo maana nasema nukta mbili zinatosha kuchora mstari, lakini chukueni ya tatu. Ya tatu ni shahidi. Asipokubaliana na wenzake, msimlazimishe kwa kupindisha penseli. Nimewaona mnaofanya hivyo, na raba zenu zimetoboa karatasi.

Na huo mstari ni nini hasa? Kila nukta iliyo juu yake ni jozi ya namba inayoufanya mlinganyo uwe kweli. Jaribuni (2, −1): tatu toa nne ni hasi moja, kweli, na nukta iko mstarini. Jaribuni (2, 2): mlinganyo unakataa, na nukta iko nje. Nendeni hata katikati ya miraba, kwenye x ya moja na nusu, mtapata y ni sifuri. Ndipo mstari unapoukata mhimili wa kulala. Wengi mnaikimbia nukta hiyo kwa sababu ina nusu. Msiikimbie. Tumieni skeli ya sentimita 2 kwa kila kizio kimoja, hiyo nusu itaangukia mahali pazuri tu.

Wazo hili la kuifunga namba na mahali kwenye karatasi ni la karne ya 17. Mfaransa René Descartes alilichapisha mwaka 1637, na Mfaransa mwenzake, Pierre de Fermat, alikuwa amelifikia kwa njia yake mwenyewe miaka hiyohiyo. Hapakuwa na mtihani wa taifa uliowasukuma. Walitaka jiometri na aljebra zisaidiane.

Mtaniuliza, bibi, itatusaidia nini huku? Haya, tuingie uani. Huku juu kwenye uwanda wa Makonde mnajua maji yalivyo ya shida, na nyumba nyingi zina kisima cha kuvunia mvua kutoka kwenye bati. Tuseme Juni mosi kisima kina maji ya madumu 300 ya lita 20, na nyumba inatumia madumu 6 kwa siku. Yaliyobaki ni y, siku zilizopita ni x: y = 300 − 6x. Sentimita 1 isimame badala ya siku 5 kwenye mhimili wa x, na sentimita 1 badala ya madumu 25 kwenye mhimili wa y. Mstari unaanzia 300 kwenye mhimili wa kusimama, unashuka madumu 6 kwa kila siku moja, na unagusa mhimili wa kulala siku ya 50. Hesabuni kalenda: ni Julai 21. Mvua ya kutegemewa hairudi mpaka Novemba au Desemba.

Sasa choreni mwingine palepale, wa nyumba hiyohiyo ikijibana kwa madumu 4: y = 300 − 4x. Unaanzia pale pale, ila mteremko wake ni mpole zaidi, nao unafika chini siku ya 75, yaani Agosti 15. Kiasi cha mwanzo kinawaambia mstari uanzie wapi. Matumizi ya kila siku yanawaambia uiname kiasi gani. Mwenye kuyaelewa haya mawili hana haja ya kukariri kanuni ya mteremko kama dua.

Angalizo moja. Kwenye daftari la hesabu, mstari wa y = 3 − 2x unaendelea pande zote mbili bila kikomo, msiukatie kwenye nukta ya mwisho ya jedwali. Wa kisima ukateni kwenye sifuri. Hakuna kisima chenye madumu hasi kumi.

Mistari ya x = 4 na y = 4 isiwatishe: wa kwanza umesimama wima, wa pili umelala. Basi.

Najua mtihani wenu uko mwishoni mwa mwaka, na korosho nazo zinadondoka wakati huohuo, mtatumwa kuokota. Fanyeni kazi hii mapema, kabla ya msimu. Nyumba ya jirani ina madumu 200 Juni mosi na inatumia 2 tu kwa siku. Ichoreni kwenye karatasi ileile ya y = 300 − 6x, mniambie ni siku gani nyumba hizi mbili zitakuwa na maji sawa, na ni madumu mangapi. Jibu lisomeni kwenye grafu kwanza, ndipo mlihakikishe kwa mlinganyo. Kila mhimili uandikwe jina lake, skeli ionekane, na penseli iwe imechongwa.

Bibi yenu,
Mwalimu mstaafu, Newala