Yule wa Tatu Asiyeonyesha Uso

Philadelphia, Marekani

Mdogo wangu mpendwa,

Salamu kwako, kwa mama, na shikamoo yangu mfikishie bibi. Huku wazima, ni baridi tu imekazana.

Swali lako limefika. Uliuliza kwa nini kwenye ile filamu ya mafundi bomba watatu, yule wa tatu mara yupo na uso wake, mara anaonekana mgongo tu. Macho yako hayakukudanganya. Mwenye uso alikuwa keshazikwa.

Filamu yenyewe ni Scheming Schemers ya The Three Stooges, kundi la wachekeshaji watatu wa Marekani, iliyotolewa na kampuni ya filamu ya Columbia mwezi Oktoba 1956. Yule mwenye nywele ndefu zilizopasuliwa katikati ni Shemp Howard, naye alifariki Novemba 22, 1955. Kampuni ilikuwa inatoa filamu zao nane kwa mwaka, na nne bado zilikuwa deni. Jules White, aliyekuwa akiongoza idara ya filamu fupi, akafungua kabati. Akatoa filamu ya 1949 iitwayo Vagabond Loafers, ya mafundi haohao bomba, akaikata, na Januari 1956 akawaita Moe Howard, ndugu wa marehemu, na Larry Fine, mzaliwa wa mji huu ninaokuandikia, wapigwe picha mpya za kuunganishia. Nafasi ya Shemp akapewa Joe Palma, mwigizaji wa vijisehemu pale Columbia. Kazi yake ilikuwa kugeuza mgongo.

Irudie taratibu. Mwanzoni Moe na Larry wapo garini wanapiga honi, Shemp anajibu kutoka ndani bila kuonekana: sauti ile imechotwa kwenye filamu ya zamani. Kisha mwangalie Moe, si Shemp. Kwenye picha mpya ana miaka 58. Akivuka mlango na kuangukia kwenye kipande cha 1949, saba zimempungua. Nywele na mashavu ndivyo vinavyomsaliti. Na yule mama mwenye nyumba, Symona Boniface? Naye alikufa 1950. Kwa hiyo unacheka na marehemu wawili.

Vita ya kurushiana pai ndiyo yenye kiraka kikubwa zaidi, maana hata haikutoka kwenye filamu ya mabomba. Ilipigwa Mei 1946 kwa ajili ya Half-Wits Holiday. Siku ya mwisho ya kazi ile Curly, mdogo wao Moe na Shemp, ambaye ndiye aliyekuwa wa tatu wakati huo, alipata kiharusi akiwa amekaa kitini anasubiri zamu yake. Vita ikapigwa bila yeye. Sasa fikiri kama mhariri: pai zinaruka dakika nzima na Curly hayumo hata mara moja. Kipande kama hicho unakichomeka popote. White alikichomeka 1951 kwenye Pest Man Wins, akakirudia 1956, akaongeza tu picha mpya za Moe, Larry na mwigizaji mwenzao Kenneth MacDonald wakipakwa krimu. Uso uliojaa krimu hauna umri.

Mkitaka kujaribu pai na wenzako, shida si kurusha, ni sahani. Pai laini hupasuka mkononi, vidole vikazama, ikafika nusu. Buster Keaton, mchekeshaji mwingine ambaye naye alitengeneza filamu fupi Columbia, alieleza dawa yake: tabaka mbili za ganda lililookwa, zigandishwe kwa uji wa unga na maji, ndipo ijazwe, krimu juu. Chombo cha kuokea hakirushwi, kinakata uso. Rangi nayo ina hesabu: kwa filamu nyeusi na nyeupe, mwenye nywele za rangi ya dhahabu alipigwa pai yenye kujazwa matunda meusi, mwenye nywele nyeusi akapigwa ya rangi nyepesi, ili ionekane. Msitumie povu la kunyolea ndevu, linachoma macho. Na pai zikiisha msizoe za sakafuni. Moe alisimulia kwamba wao walirushiwa zilizozolewa sakafuni, pamoja na vibanzi na misumari.

Mpigwaji akijua pai inakuja, hufumba macho mapema na kichekesho kinakufa. Mwambieni mtahesabu hadi tatu. Rusheni kwenye mbili.

Kwenye makofi, sikio ndilo linalopigwa. Zima sauti uone: mkono unapita, kichwa kinageuka, basi, kama watu wanafukuza nzi. Rudisha sauti. Kofi ni mlio wa mjeledi, ngumi ya tumbo ni ngoma kubwa, vidole vya macho ni uzi wa fidla unaodonolewa kwa kidole. Sauti ya kitu kisicho na nyama inamwambia mtazamaji hakuna aliyeumia, ndiyo maana anacheka. Ukiweka mlio wa kofi la kweli, watu watanyamaza. Na vidole havigusi macho. Vinatua kwenye mfupa wa nyusi, kamera ikiwa mbele, aliyepigwa akishika uso hapohapo. Ninyi anzieni na kidevu kwanza, maana bibi hatanisamehe.

Lakini ninachokipenda mimi ni mabomba. Kichekesho chenyewe ni cha 1940, cha filamu A Plumbing We Will Go, Curly angali mzima. Anaunga kipande kuzuia maji bafuni, maji yanatokea ncha mpya. Anaunga elbo, kile kiungo cha kona, yanahamia. Mpaka amejijengea kizimba na yumo ndani. Angalia kwamba kila kiungo amekikaza sawasawa. Kosa ni moja tu, hakufunga maji kwanza, na Larry anayetafuta mahali pa kuyafungia anachimbua bustani nzima. Chini wanakuta mabomba "yameziba" kwa nyaya, wanazing'oa, wanaunga maji humohumo kwenye njia ya umeme. Baada ya hapo maji kutoka kwenye jiko la mpishi, Dudley Dickerson, si ajabu tena. Yalipita njia uliyoonyeshwa. Waigizaji wengi wa siku hizi wanamwaga maji kwanza, wanatafuta sababu baadaye.

Kama mtapiga hiyo, jaribuni kavu mara tano, nguo ya pili iwe pembeni, na maji yaje mwisho wa siku. Nguo ikishalowa huwezi kurudia mwanzo.

Unga nunueni wenu dukani. Ule wa bibi wa vitumbua usiguswe.

Nduguyo